Amri ya Baraza inapocheleweshwa: Mahakama na utekelezaji wa haki ya leseni za usafirishaji

Msafirishaji aliyenyimwa leseni, au aliyesitishiwa leseni yake, ana haki ya kukata rufani. Akishinda, hupewa amri inayoeleza kile ambacho mamlaka ya udhibiti inapaswa kufanya. Wengi huamini kuwa shauri limeishia hapo. Hata hivyo, amri huwafaa abiria na mwenye gari pale tu inapotekelezwa, na kati ya siku ya amri na siku leseni inapotolewa huweza kupita wiki kadhaa au miezi. Makala haya yanaeleza sheria inasema nini kuhusu kipindi hicho, mahakama ina uwezo gani wa kuagiza utekelezaji, na mwananchi anapaswa kufanya nini ili haki aliyoipata isiishe muda wake kabla ya kutumika.

Maelezo haya yanahusu Tanzania Bara. Namba za vifungu hazikutajwa kwa makusudi, kwa kuwa Toleo la Sheria Zilizofanyiwa Urekebu la Mwaka 2023, lililoanza kutumika tarehe 1 Julai 2025, limebadilisha mpangilio wa vifungu katika sheria mbalimbali. Msomaji anashauriwa kutafuta sheria husika kwa jina na namba ya Sura, kisha asome toleo linalotumika sasa.

Nani hutoa leseni na nani husikiliza rufani

Usafirishaji wa abiria na mizigo kwa njia ya barabara unaongozwa na Sheria ya Leseni za Usafirishaji, Sura 317, ambayo ilitungwa mwaka 1973. Jukumu la kutoa, kuhuisha, kusitisha na kufuta leseni hizo liko kwa Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini (LATRA). Mamlaka hiyo iliundwa kwa Sheria Na. 3 ya Mwaka 2019, ikachukua majukumu ya usafiri wa nchi kavu yaliyokuwa chini ya Mamlaka ya Udhibiti wa Usafiri wa Nchi Kavu na Majini (SUMATRA), iliyoanzishwa kwa sheria ya mwaka 2001.

Asiyeridhika na uamuzi wa mdhibiti anaweza kufikisha rufani yake katika Baraza la Ushindani (FCT). Baraza hilo limeundwa chini ya Sheria ya Ushindani ya Mwaka 2003, Sura 285, na Mwenyekiti wake ni Jaji wa Mahakama Kuu. Pamoja na mashauri yanayotoka Tume ya Ushindani, Baraza husikiliza rufani zinazotokana na maamuzi ya mamlaka za udhibiti katika sekta kama nishati na maji, mawasiliano, na usafiri.

Msingi wa haki hiyo umo katika Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya Mwaka 1977. Ibara ya 13(6)(a) inalinda haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na haki ya kukata rufani au kupata nafuu nyingine ya kisheria dhidi ya uamuzi wa chombo kinachohusika. Ibara ya 107A inaipa Mahakama kauli ya mwisho katika utoaji wa haki, na miongoni mwa kanuni inazotakiwa kuzifuata ni kutochelewesha haki bila sababu ya msingi. Maneno hayo ndiyo mhimili wa hoja zote zinazohusu amri zilizokaa bila kutekelezwa.

Aina tatu za amri

Kabla ya kulalamika kuwa amri haijatekelezwa, ni lazima kufahamu amri yenyewe inaagiza nini. Amri zinazohusu leseni za usafirishaji huangukia zaidi katika makundi matatu, na kila kundi lina namna yake ya utekelezaji.

Kundi la kwanza ni amri inayotengua uamuzi wa kusitisha au kufuta leseni. Uamuzi ukishatenguliwa, leseni hurudi katika hali iliyokuwa nayo, mradi muda wake haujaisha. Utekelezaji hapa ni kurekebisha kumbukumbu za mdhibiti, ili askari wa usalama barabarani na wakaguzi wanaotazama mfumo wasilikute gari likiwa bado limeandikwa kuwa limezuiwa.

Kundi la pili ni amri inayoelekeza leseni itolewe. Katika hali hiyo, chombo cha rufani kimekwisha kupima sifa za mwombaji na kuridhika. Mdhibiti hubaki na kazi ya kuandaa leseni, kupokea ada iliyowekwa na kukamilisha masharti yaliyotajwa katika amri.

Kundi la tatu ni amri inayorudisha ombi kwa mdhibiti ili lisikilizwe au liamuliwe upya kwa kufuata sheria. Amri ya namna hii haimpi mwombaji leseni. Humpa haki ya kupata uamuzi mpya, wenye sababu, ndani ya muda unaofaa. Uamuzi huo unaweza kumnyima leseni kwa mara ya pili, na hapo mlango wa rufani hufunguka tena.

Tofauti hizo huamua mahakama itaombwa nini. Mwenye amri ya kundi la tatu akiomba mahakama iamuru apewe leseni, atakuwa ameomba zaidi ya alichopewa, na ombi lake linaweza kukwama hata kama ucheleweshaji wenyewe ni wa wazi.

Kwa nini kuchelewa ni hasara ya haki yenyewe

Haki ya kumiliki shamba au nyumba haipotei kwa sababu tu utekelezaji wa hukumu umechukua mwaka. Leseni ya usafirishaji ni tofauti, kwa kuwa hutolewa kwa kipindi maalumu, ambacho kwa kawaida ni mwaka mmoja. Kila siku inayopita bila utekelezaji hukatwa katika kipindi hicho.

Chukua mfano wa kufikirika wa mmiliki wa mabasi mawili ambaye leseni zake, zinazoisha tarehe 31 Desemba, zilisitishwa mwanzoni mwa mwaka. Tarehe 1 Machi anashinda rufani, na usitishaji unatenguliwa. Wakati huo zimebaki siku 306 za leseni. Ikiwa kumbukumbu zitarekebishwa tarehe 1 Septemba, siku 184 zitakuwa zimepotea na zitabaki 122. Kwa maneno mengine, msafirishaji aliyeshinda shauri atakuwa amepata pungufu ya nusu ya kile alichoshinda. Wakati huo wote mkopo wa mabasi unaendelea kudaiwa, dereva na kondakta hawana kazi, na abiria wa njia hiyo wanagombania magari machache yaliyopo.

Kuna hatari nyingine. Leseni ikiisha kabla ya amri kutekelezwa, mdhibiti anaweza kueleza kuwa hakuna tena kitu cha kurejesha, na kwamba mwombaji anapaswa kuwasilisha ombi jipya. Mahakama nazo husita kutoa amri isiyo na manufaa yoyote ya vitendo. Ndiyo maana katika mashauri ya leseni suala la muda halipaswi kuachwa hadi mwisho. Linafaa kuombwa tangu rufani inapowasilishwa, kwa kulitaka Baraza litaje siku za utekelezaji na lieleze leseni itahesabiwa kuanzia tarehe gani.

Njia ya kwanza: kukazia amri

Sheria ya Ushindani iliweka utaratibu ambao wasafirishaji wengi hawaufahamu. Hukumu na amri za Baraza la Ushindani hutekelezwa kwa namna ile ile zinavyotekelezwa hukumu na amri za Mahakama Kuu. Kwa hiyo aliyeshinda katika Baraza halazimiki kufungua kesi mpya ili kuthibitisha kuwa alishinda. Anachohitaji ni kuwasilisha maombi ya kukazia amri, akiambatisha nakala iliyothibitishwa.

Ukazaji wa hukumu kwa jumla unaongozwa na Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura 33. Katika madai ya fedha, taswira iliyozoeleka ni ya dalali wa mahakama anayekamata mali na kuiuza kwa mnada. Taswira hiyo haifai kwa leseni. Dalali hawezi kukamata leseni ambayo haijatolewa, wala hawezi kuingia katika mfumo wa mdhibiti na kuiandaa. Amri ya kutenda jambo hukaziwa kwa kumwita anayewajibika aeleze kwa nini hajatenda, kumpa muda wa mwisho, na akiendelea kukaidi bila sababu, kumchukulia hatua za kisheria.

Rufani au maombi ya marejeo yanayowasilishwa na upande ulioshindwa hayasimamishi utekelezaji kwa kuwasilishwa tu. Anayetaka utekelezaji usimame anapaswa kuomba zuio na kupewa. Kwa hiyo jibu la kwamba ofisi inasubiri matokeo ya hatua nyingine za kisheria halitoshi, isipokuwa kama kuna amri ya zuio inayoweza kuonyeshwa.

Kwa upande wa fedha, hali ni tofauti. Baraza au mahakama ikiamuru mdhibiti alipe gharama za shauri, mali za taasisi hiyo hazikamatwi. Marekebisho ya mwaka 2020 katika Sheria ya Mashauri ya Serikali, Sura 5, yalipanua kinga ya mali za Serikali hadi kwa wakala, mashirika ya umma na taasisi nyingine za umma. Malipo hufanyika kwa utaratibu wa hati inayotolewa na mahakama na kufikishwa kwa ofisa mwenye dhamana ya kulipa.

Njia ya pili: mapitio ya mahakama

Zipo hali ambazo ukazaji wa amri hautoshi. Mfano ni pale ombi lililorudishwa kwa mdhibiti linapokaa bila kupangiwa siku, au pale mdhibiti anapoongeza sharti ambalo halikuwamo katika amri. Katika hali hizo sheria inatoa njia ya mapitio ya mahakama, ambayo msingi wake ni Sheria ya Marekebisho ya Sheria (Ajali za Vifo na Masharti Mengineyo), Sura 310. Sheria hiyo inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kutoa amri tatu: ya kutengua uamuzi, ya kukataza, na ya kuagiza wajibu utekelezwe. Hiyo ya tatu, ambayo mawakili huiita mandamus, ndiyo inayohusu ucheleweshaji.

Masharti ya kutolewa kwa mandamus yalifafanuliwa na Jaji Mwalusanya wa Mahakama Kuu katika shauri lililotokea Bukoba na kuripotiwa katika juzuu ya Ripoti za Sheria za Tanzania (TLR) ya mwaka 1986, ukurasa wa 73. Wajibu maombi walikuwa Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa. Shauri hilo halikuhusu leseni za usafirishaji, lakini masharti matano yaliyoainishwa humo yameendelea kurejewa katika maombi ya aina hii dhidi ya ofisi za umma.

Sharti la kwanza ni kwamba mwombaji awe amedai wajibu utekelezwe, na mhusika awe amekataa. Kukaa kimya kwa muda mrefu baada ya kukumbushwa kwa maandishi kunaweza kuchukuliwa kuwa ni kukataa. Msafirishaji anayefuatilia kwa simu na kwa kufika ofisini tu, bila barua iliyopokelewa na kugongwa muhuri, hupata shida katika sharti hili.

Sharti la pili ni kwamba wajibu huo uwe wa umma, uliowekwa na sheria, na usiwe ule ambao mtumishi anawajibika nao kwa Serikali peke yake. Wajibu wa mdhibiti kushughulikia maombi ya leseni unakidhi sharti hili kwa urahisi, kwa sababu sheria imeuweka kwa ajili ya waombaji na watumiaji wa usafiri.

Sharti la tatu ni kwamba wajibu uwe wa lazima, usiwe wa hiari. Hapa ndipo amri ya Baraza inapobadilisha sura ya shauri. Kabla ya rufani, mdhibiti ana uwanja wa kupima: je, njia hiyo ina magari ya kutosha, je, mwombaji amekidhi vigezo? Mahakama haipendi kuuingilia uwanja huo. Baada ya Baraza kuamuru leseni itolewe, upimaji huo umekwisha. Kilichobaki ni kutii, na kutii si jambo la hiari.

Sharti la nne ni kwamba mwombaji awe na maslahi ya kutosha katika jambo analoliomba. Aliyekuwa mrufani ana maslahi hayo bila shaka. Abiria wa njia husika, au chama cha wasafirishaji ambacho hakikuwa sehemu ya rufani, kitapaswa kueleza kimeathirika vipi.

Sharti la tano ni kwamba pasiwepo na nafuu nyingine inayofaa. Hili ndilo linalounganisha njia zote mbili. Kwa kuwa amri za Baraza zinaweza kukaziwa kama za Mahakama Kuu, mwombaji wa mandamus anaweza kuulizwa kwa nini hakuanza na maombi ya kukazia. Anapaswa kuwa na jibu: ama alijaribu na njia hiyo haikufanikiwa, ama amri aliyonayo ni ya kundi la tatu, ambalo linadai mdhibiti afanye uamuzi mpya.

Muda na utaratibu

Maombi ya mapitio ya mahakama yana hatua mbili, kwa mujibu wa Kanuni zilizotolewa kwa Tangazo la Serikali Na. 324 la Mwaka 2014. Hatua ya kwanza ni kuomba kibali. Mwombaji huwasilisha maombi pamoja na maelezo yanayotaja yeye ni nani, anaomba nafuu gani na kwa sababu zipi, yakisindikizwa na hati ya kiapo inayothibitisha ukweli wa mambo. Kibali kinapaswa kuombwa ndani ya miezi sita tangu kutokea kwa uamuzi, tendo au kutotenda kunakolalamikiwa. Hatua ya pili ni maombi yenyewe, ambayo huwasilishwa ndani ya siku 14 baada ya kibali kutolewa.

Ukomo wa miezi sita umewaponyoka watu walioendelea kuahidiwa kuwa suala lao linashughulikiwa. Ahadi ya mdomo haisimamishi muda. Mwenye amri isiyotekelezwa anapaswa kuhesabu siku zake tangu mdhibiti alipotakiwa kutekeleza, na kuchukua hatua mapema. Ukazaji wa hukumu una muda mrefu zaidi, kwani Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura 89, inatoa miaka 12 kwa utekelezaji wa tuzo. Lakini kwa leseni ya mwaka mmoja, urefu huo hauna faida kubwa.

Mwanasheria Mkuu wa Serikali huhusishwa katika maombi haya, na Ofisi ya Wakili Mkuu wa Serikali ndiyo inayowakilisha Serikali na taasisi zake mahakamani. Mara nyingine hatua hiyo peke yake huleta ufumbuzi, kwa kuwa mawakili wa Serikali wakiona amri iliyo wazi na isiyo na zuio, wana wajibu wa kuishauri taasisi husika iitekeleze.

Tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021, Kiswahili ni lugha ya mahakama, mabaraza na vyombo vingine vya utoaji haki, ingawa Kiingereza kinaweza kutumika pale maslahi ya haki yanapohitaji. Mwananchi ana haki ya kuelewa amri inayomhusu. Asiye na uwezo wa kumlipa wakili anaweza kutafuta huduma chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya Mwaka 2017.

Kile ambacho mahakama haitafanya

Katika mapitio, mahakama haikai kiti cha mdhibiti. Haipangi ratiba za mabasi, haiamui nauli, wala haitoi leseni kwa mkono wake. Kama ombi halijaamuliwa, mahakama inaweza kuamuru liamuliwe ndani ya siku zilizotajwa, lakini haitasema jibu liwe lipi.

Vilevile, amri ya Baraza haiondoi masharti ya usalama. Basi linapaswa kuwa limekaguliwa, liwe na bima, na liwe na kifaa cha mfumo wa kufuatilia mwenendo wa mabasi (VTS) pale kinapotakiwa. Mdhibiti anayesubiri msafirishaji alete hati ya ukaguzi iliyoisha muda hacheleweshi amri. Kabla ya kwenda mahakamani, ni vyema msafirishaji ajiridhishe kuwa upande wake umekamilika, kwa sababu hati ya kiapo ya upande wa pili itataja kila karatasi iliyokosekana.

Jambo la tatu linahitaji msisitizo. Mwenye amri ambayo haijatekelezwa asiingize gari barabarani kwa kuamini kuwa amri inatosha. Kutoa huduma ya usafirishaji wa kibiashara bila leseni ni kosa chini ya Sura 317, na askari anayesimamisha basi barabarani hana mamlaka ya kutafsiri hukumu. Njia sahihi ni kuomba utekelezaji, na ikibidi kuomba nafuu ya muda wakati maombi yanasikilizwa.

Anayekaidi amri

Amri ya mahakama inayomtaka ofisa wa umma kutenda ndani ya muda uliowekwa ina nguvu ya adhabu nyuma yake. Kudharau mahakama ni kosa chini ya Sheria ya Kanuni za Adhabu, Sura 16, na Mahakama Kuu ina uwezo wa asili wa kulinda heshima ya amri zake. Ili hatua hizo zichukuliwe, ni lazima ionekane kwamba amri ilikuwa wazi, kwamba mhusika aliifahamu, na kwamba aliacha kuitii kwa makusudi. Ucheleweshaji unaotokana na sababu ya kweli na iliyoelezwa mapema hauhesabiwi kuwa ni ukaidi.

Kwa sababu hiyo, uthibitisho wa kufikisha amri kwa mhusika ni nyaraka muhimu kuliko inavyodhaniwa. Amri iliyoachwa kwa mlinzi wa getini bila saini ya kupokelewa inampa mtuhumiwa wa ukaidi utetezi ulio tayari.

Hali ilivyo Kenya

Wasafirishaji wa Tanzania wanaovuka mipaka ya Namanga, Holili au Horohoro hukutana na mfumo unaofanana lakini wenye majina tofauti. Nchini Kenya, leseni za magari ya abiria hutolewa na Mamlaka ya Kitaifa ya Usafiri na Usalama (NTSA), iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2012. Sheria hiyo hiyo iliunda Bodi ya Rufaa ya Leseni za Uchukuzi, inayosikiliza malalamiko dhidi ya maamuzi ya NTSA.

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika Ibara ya 47, imefanya hatua ya kiutawala iliyo ya haraka, halali na ya haki kuwa haki ya kila mtu. Sheria ya mwaka 2015 kuhusu Hatua za Haki za Kiutawala inaiwezesha mahakama kulazimisha utekelezaji wa wajibu wa umma. Kuhusu ukaidi, Mahakama Kuu ya Kenya ilibatilisha mwaka 2018 sheria maalumu ya kudharau mahakama iliyotungwa mwaka 2016, na tangu hapo mahakama hutegemea Sheria ya Mahakama, Sura ya 8, pamoja na uwezo wao wa asili. Kwa nchi zote mbili swali la msingi ni moja: je, chombo cha rufani kimekwisha kusema lipi litendwe, na je, limetendwa kwa wakati?

Hatua za kuzingatia

Mwananchi au kampuni yenye amri inayohusu leseni ya usafirishaji anashauriwa kufuata mpangilio ufuatao:

1. Achukue nakala iliyothibitishwa ya hukumu na ya amri mara tu zinapotolewa, na asome iwapo amri inatengua, inaelekeza leseni itolewe, au inarudisha ombi.

2. Kama amri haikutaja muda, aombe chombo kilichoitoa kitaje siku za utekelezaji.

3. Aifikishe amri kwa mdhibiti kwa barua, ikitaja namba ya shauri, namba ya usajili wa gari na njia inayohusika, na abaki na nakala yenye muhuri na tarehe ya kupokelewa.

4. Akamilishe masharti yaliyo upande wake: ada, ukaguzi, bima na vifaa vya ufuatiliaji.

5. Siku zikipita, aandike barua ya madai yenye muda wa mwisho unaofaa. Barua hiyo ndiyo itakayothibitisha sharti la kwanza la mandamus.

6. Awasilishe maombi ya kukazia amri, na pale njia hiyo isipofaa, aombe kibali cha mapitio kabla ya miezi sita kuisha.

7. Katika maombi yake, aombe kile hasa ambacho amri ilimpa, bila kuongeza.

Kwa abiria ambao hawakuwa sehemu ya shauri lakini wanaathirika kwa kukosa usafiri, Baraza la Ushauri la Watumiaji wa Huduma za Usafiri Ardhini (LATRA CCC) limewekwa kisheria ili kufikisha maoni na malalamiko yao kwa mdhibiti. Maamuzi ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani yanapatikana bila malipo katika tovuti ya TanzLII inayosimamiwa na Mahakama ya Tanzania, ambako msafirishaji anaweza kusoma jinsi maombi kama yake yalivyoamuliwa kabla ya kuandaa ya kwake.